Uzi maalum wa 2048: kwanini wengi wanaishia 512 na 1024, na namna ya kuvuka

KonaYaChini (mtoa mada)

Wakuu heshima kwenu. Kwenye ule uzi wa gemu za simu nimeona watu wengi wanaiongelea 2048 kama mchezo wa kubahatisha, mtu anasema leo zimekuja vizuri, mwingine leo imenibania, na mimi hiyo kauli inaniuma maana hii gemu naipenda kweli na nimeicheza vya kutosha kujua kwamba mpaka ufike 2048 bahati ina mchango mdogo sana. Kinachowaua watu ni nafasi. Nikisema nafasi namaanisha vyumba vilivyo wazi kwenye ubao, na nikimaliza kuelezea utaona kwanini mtu anafika 512 kila siku lakini 2048 anaisikia kwa wenzake tu.

Kwa ambao hawajawahi kuigusa: ubao una vyumba 16, vinne kwa vinne, unaanza na namba mbili tu. Ukiswaipu upande wowote namba zote zinateleza mpaka ukutani, mbili zinazofanana zikigongana zinaungana kuwa moja yenye thamani mara mbili, alafu inadondoka namba mpya kwenye chumba chochote kilicho wazi. Namba mpya ni 2 kwa asilimia 90 na 4 kwa asilimia 10. Ubao ukijaa na hakuna majirani wanaofanana, imeisha. Hakuna muda unaokukimbiza, hakuna roho tatu, hakuna kununua nguvu. Ile ya asili ilipotoka haikuwa na hata kurudisha hatua, ukishasukuma umesukuma.

Sasa tuje kwenye levo. Hakuna mahali pameandikwa levo ya 1 au ya 2, ila levo zipo, ni zile namba zenyewe, 128, 256, 512, 1024, 2048. Watu wanadhani tofauti ya 512 na 1024 ni muda tu, yani ukifanya ulichofanya mara mbili umefika. Hapana. Tuseme zinadondoka 2 tupu na unaijenga 512. Kwenye ile hatua ngumu kuliko zote utakuwa umeshika 256, 128, 64, 32, 16, 8, 4, 2 na 2 nyingine. Hesabu hapo, vyumba 9 vimekaliwa na hakuna hata kimoja unachoweza kukikwepa. Kwa 1024 vinakuwa 10, kwa 2048 vinakuwa 11, kwa 4096 vinakuwa 12. Kila ukipanda levo unanyang'anywa chumba kimoja. Kwenye 512 una vyumba 7 vya kufanyia fujo zako, unaweza kuwa umezagaza 4 na 8 kila pembe na bado ukapita. Kwenye 2048 umebakiwa na 5. Ndio maana ule uchezaji uliokufikisha 512 unakufa 1024, na mtu anabaki analaumu namba zinazodondoka.

Nakuja na mbinu kwenye posti inayofuata, nisubirini nimalizie kuandika.

binti_wa_kwetu

Nafuatilia kaka, mimi 1024 nimeiona mara nyingi tu ila hapo ndo kaburi langu.

Kobe Mstaarabu

Nimeweka kambi hapa. Mi nilikuwa nazungusha tu kushoto chini kulia chini haraka haraka bila kuangalia, na inafikaga 256 yenyewe.

KonaYaChini (mtoa mada)

Mkuu Kobe hiyo ya kuzungusha inakufikisha hapo hapo 256, siku moja moja 512, na haiwezi kwenda zaidi kwa sababu hiyo niliyosema ya vyumba. Haya tuendelee.

Chagua kona moja. Mimi natumia ya chini kushoto na mifano yote itakuwa ya hapo, wewe chagua yako ila ukishachagua usihame. Namba kubwa inakaa kwenye kona hiyo na haitoki. Kila mtu anaijua hii ya kona, ipo kila mahali, ila wengi wanaishia hapo, na kona peke yake haitoshi. Kinachoilinda kona ni mstari mzima wa chini kuwa umejaa. Angalia huu ubao:

- - 2 -
- - - -
4 8 16 32
512 256 128 64

Mstari wa chini umejaa na hakuna mbili zinazofanana, kwahiyo ukisukuma kulia haujongei hata kidogo. Hiyo inakupa uhuru wa kutumia kushoto, kulia na chini bila 512 kutikisika. Ukiacha pengo moja tu kwenye huo mstari, kulia inakuwa sumu, 512 inahama kona na 2 mpya inaweza kukaa mahali pake. Kwahiyo kabla ya kila kulia jicho lako liende mstari wa chini kwanza: umejaa? Kama haujajaa, cheza kushoto na chini mpaka ujae.

La pili, angalia mpangilio wa namba. Chini zinashuka kutoka kushoto kwenda kulia, mstari wa juu yake zinaendelea kushuka kutoka kulia kurudi kushoto, 64 imepakana na 32 iliyo juu yake. Ni kama plau ya ng'ombe inavyolima, ikifika mwisho wa shamba inageuka inarudi na mfereji wa pembeni. Wengine wanaita nyoka. Faida yake ni kwamba kila namba imekaa jirani na ile inayoisubiri, ukipata 4 nyingine pale kushoto unaanza kuunganisha mfululizo na yote inamiminikia kwenye kona.

Watu wanaokwama 1024, ukiangalia picha zao, mara nyingi mstari wa chini uko vizuri kabisa ila wa pili yake umegeuzwa, ile kubwa ipo kushoto juu ya 512 na ndogo zipo kulia juu ya 64. Hapo 64 itapata wapi mwenzake? Atoke kushoto avuke vyumba vitatu. Hawezi, kuna watu njiani.

La tatu, upande unaosukuma ndio unaoamua nani anaungana na nani. Ukiwa na 4 4 4 32 kwenye mstari wa pili, ukisukuma kulia unapata pengo, 4, 8, 32. Safi, ndogo nyuma kubwa mbele. Ukisukuma kushoto unapata 8, 4, 32, pengo. Umeshaharibu, 4 imebanwa katikati ya 8 na 32 na pengo limekuja upande wa kulia ambako hukulitaka. Namba zile zile, mstari ule ule. Alafu kumbukeni namba iliyotokana na muunganiko haiungani tena kwenye msukumo huo huo, 2 2 4 ukisukuma kushoto inakuwa 4 4, sio 8. Unasukuma tena ndio 8.

binti_wa_kwetu

Kaka hii ya mstari wa pili kugeuka umenigusa mimi moja kwa moja, hivyo ndivyo ninavyopangaga, kubwa zote nazirundika kushoto nikidhani nazisogeza karibu na kona. Sasa swali langu, kuna wakati inanilazimisha nisukume juu, kushoto haiendi kulia haiendi chini haiendi, na nikisukuma tu 2 inakaa chini ya ile kubwa. Hapo unafanyaje?

KonaYaChini (mtoa mada)

Dada hilo swali ndilo nilikuwa nalisubiri, maana hapo ndipo gemu nyingi zinakufa na watu wanaona ni mkosi.

Kwanza tujue inatokeaje. Chukua ubao ule wa juu lakini ile 2 ya juu haipo:

- - - -
- - - -
4 8 16 32
512 256 128 64

Mistari miwili ya chini imejaa, hakuna wa kuungana, juu kutupu. Kushoto, kulia na chini zote zimefungwa, imebaki juu tu. Hii inatokea pale namba mpya inapodondokea kwenye pengo la mwisho la mstari wa pili badala ya kudondokea juu. Kwahiyo ukiona mistari miwili ya juu iko tupu kabisa na wa pili kutoka chini una pengo moja, usifurahie sana usafi, jua kuna chumba kimoja kati ya 9 ambacho namba ikidondokea na isifanane na jirani yake umefungwa. Sio kubwa hiyo hatari ila ipo.

Sasa umeshafungwa, umesukuma juu. Mistari yako miwili imepanda, chini kuna vyumba 8 vitupu na namba mpya imedondokea kimojawapo. Watu wengi hapa kidole kinakimbia kushusha, na ndipo wanapojimaliza. Subiri. Angalia imedondokea wapi. Vyumba viwili kati ya hivyo 8 viko upande wa kona, yani robo ya hatari. Kama imedondokea vile sita vingine, shusha, itakaa chini ya 256 au 128 au 64 na 512 inarudi kona yake. Kama imedondokea upande wa kona, usishushe, sukuma kulia kwanza. Mistari ya juu imejaa haitajongea, atakayehama ni huyo mgeni tu, ataenda mpaka kulia kabisa chini ya 64. Itadondoka namba nyingine, sasa vyumba vilivyobaki ni 7 na viwili tu ndio vya upande wa kona. Ikidondokea vile vitano vingine, ndio ushushe. Unaweza kuwa umeingiza wageni wawili kwenye mstari wa chini badala ya mmoja, sawa, lakini kona imebaki yako.

Na ikishaingia chini ya 512 gemu haijaisha. Unachohitaji ni muunganiko mmoja kwenye mstari wa chini. Mfano chini una 2 256 128 128, juu ya ile 2 ipo 512 na mstari wake umejaa hauna wa kuungana. Sukuma kulia, mstari wa chini unakuwa pengo, 2, 256, 256. Mgeni mpya asipoangukia hapo, kona iko wazi. Shusha, 512 inarudi nyumbani. Ile 2 imebaki katikati, utaihangaikia baadae ikipata mwenzake kutoka juu, ila roho ya gemu umeiokoa.

Mwalimu Vipeo

Nimeusoma uzi wote, umetulia sana. Mimi nafundisha hesabu sekondari na nimewahi kuitumia hii gemu darasani kwenye mada ya vipeo, maana kila namba pale ni kipeo cha 2, 2048 ni 2 kwa kipeo cha 11, na idadi ya vyumba aliyosema mtoa mada ndiyo hiyo hiyo 11. Wanafunzi wakiliona hilo wenyewe wanashangaa.

Niongezee mambo mawili. La kwanza ni urefu wa safari. Kwa sababu 2 ni asilimia 90 na 4 ni asilimia 10, kwa wastani kila msukumo unaongeza 2.2 kwenye jumla ya ubao. Gawanya 2048 kwa 2.2 unapata kama misukumo 930. Kwahiyo hakuna anayefika 2048 kwa misukumo mia tatu, hata awe na bahati ya namna gani, kwa sababu hata zikidondoka 4 tupu anahitaji zaidi ya mia tano. Ukisukuma mara moja kwa sekunde ni kama robo saa ya kucheza bila kukurupuka. Nawaambia vijana wangu robo saa ya utulivu ni nyingi kuliko wanavyodhani.

La pili ni pointi. Kila muunganiko unakupa pointi sawa na namba iliyozaliwa, 4 na 4 zikiungana unapata 8. Ukipiga hesabu, 2048 iliyojengwa kwa 2 tupu inaleta 20,480, na iliyojengwa kwa 4 tupu inaleta 18,432. Hali halisi inaangukia kwenye 20,000 na ushei. Kwahiyo mtu akituma picha ana 2048 ubaoni na pointi 9,000, hiyo picha imechezewa, haiwezekani kabisa.

Kobe Mstaarabu

Mwalimu heshima yako. Hiyo ya pointi naenda kuitumia kwenye grupu letu la wasapu leo leo, kuna mtu atanyamaza.

nahodha_mkavu

Wadau kuna kitu kimoja nataka kiwekwe sawa maana naona kila mtu anaita gemu yake 2048 wakati kwenye stoo za app ziko mamia. Ile ya asili ilitengenezwa na kijana wa Italia anaitwa Gabriele Cirulli akiwa na miaka 19, Machi 2014, aliiandika kwenye wikiendi moja tu, akaiweka mtandaoni bure na msimbo wake akauacha wazi GitHub (mtandao wa kuwekea misimbo ya programu) kwa leseni ya MIT, yani mtu yeyote aliruhusiwa kuuchukua na kuubadilisha. Ndio maana zikazaliwa nakala nyingi kiasi hicho, na nyingi ndizo hizi zilizojaa matangazo. Yeye mwenyewe alianzia kwenye gemu nyingine iliyokuwepo ya 1024.

Na nyuma ya zote hizo ipo Threes. Hii ilitoka Februari 2014, mwezi mmoja kabla, ya Asher Vollmer na Greg Wohlwend, muziki wa Jimmy Hinson, na waliitengeneza kwa zaidi ya mwaka mzima. Apple waliichagua gemu bora ya iPhone ya mwaka 2014. Naomba tuwape haki yao, maana wazo la kusukuma na kuunganisha namba kwenye ubao wa 4 kwa 4 walilihangaikia wao, walijaribu na kutupa mambo mengi mpaka likabaki lile jepesi, alafu dunia nzima ikajua jina la nyingine.

Kwa mchezaji tofauti ni kubwa. Kwenye Threes 1 inaungana na 2 tu kupata 3, kuanzia hapo zinazofanana ndio zinaungana, 3 na 3 ni 6, 12, 24 na kuendelea. Ukisukuma namba haziendi mpaka ukutani, zinasogea hatua moja. Na unaonyeshwa namba gani inafuata kabla hujasukuma. Kwahiyo kule unapanga, unajua mgeni anayekuja na anaingilia ukingo upi. Mimi naiona ni ngumu kuliko 2048 na tamu zaidi.

KonaYaChini (mtoa mada)

Nahodha nimekubali yote, Threes ni kazi ya mikono iliyotulia na ningependa tuifungulie uzi wake. Ila kwenye utamu hapo tutabishana maisha, mimi kule kutojua namba itadondokea wapi ndiko kunanifundisha kupanga ubao uwe salama popote itakapodondoka. Ukicheza 2048 vizuri unafika mahali haujali imekuja wapi.

jirani_wa_bandari

Mi nimesoma kompyuta kidogo, kuna programu watu wameandika zinaicheza hii gemu zenyewe, zinafika mpaka 32768. Na zinavyoamua inafanana sana na anayosema mtoa mada. Programu inaangalia hatua kadhaa mbele, kwa kila msukumo inajiuliza ikidondoka 2 hapa itakuwaje, ikidondoka 4 pale itakuwaje, inapiga wastani. Ila haiwezi kuona mpaka mwisho wa gemu kwahiyo inahitaji kipimo cha kuusoma ubao ulivyo sasa hivi, na vipimo vinavyotumika sana ni vyumba vingapi viko wazi, namba zinashuka kwa mpangilio upande mmoja au zinapanda shuka panda shuka, na majirani wanakaribiana kiasi gani, yani 64 kupakana na 32 ni kuzuri kuliko 64 kupakana na 2. Hayo matatu. Ukiyatunza hayo, kubwa zinakuja zenyewe.

Na mwisho wa gemu upo kihesabu. Chumba 16, ukizijaza kwa mpangilio kuanzia 65536 kushuka mpaka 4 unatumia 15, kinabaki kimoja, ikidondoka 4 hapo zote zinaungana kuwa 131072. Zaidi ya hapo ubao hautoshi.

binti_wa_kwetu

Jirani umenifungua macho na hiyo ya 64 na 2. Naona mimi nikishapata nafasi ya kuunganisha popote naunganisha tu, sikuangalia nani anabaki jirani na nani.

KonaYaChini (mtoa mada)

Dada ndio, na hapo kuna jambo moja linalowasumbua hata wazoefu. Muunganiko unapokuwa tayari sio lazima uuchukue sasa hivi, mbili zinazofanana zilizopakana kwenye mstari wa pili ni akiba, zinakuhakikishia kwamba kulia na kushoto bado zipo hai. Ukiunganisha kila kitu kila wakati unajikuta umejifunga mwenyewe kwenye ule ubao wa kusukuma juu. Mimi mstari wa juu kabisa naacha fujo yoyote itokee, ila wa pili kutoka chini kila namba naiangalia.

Na msiharakishe. Hii gemu haina saa. Kuanzia 1024 kwenda juu natumia kidole kwa kituo, nasukuma, naangalia mpya imeangukia wapi, ndio nasukuma tena. Vifo vingi vya 1024 ni vya kidole kilichotangulia macho, mtu alishaamua misukumo mitatu ijayo kabla hajaona mgeni amekaa wapi.

mchaga_wa_pwani

Salaam ndugu zangu, niko Mombasa huku, nimeingia kwa uzi huu kupitia kwa rafiki. Nimecheza tangu asubuhi kwa hizi mbinu na sasa nimefika hapa, na wallahi naogopa kugusa simu. Nisaidieni nisukume wapi:

- - - -
4 2 2 -
8 16 32 64
1024 512 256 128

Kobe Mstaarabu

Aisee huo ubao!! Usiguse kaka subiri mtoa mada aje.

KonaYaChini (mtoa mada)

Ndugu wa Mombasa karibu sana, na hongera, huo ubao ni mzuri mno, hata ungeuchora kwa rula usingetoka hivyo. Jumlisha zote uone, ni 2048 kamili. Na unayo njia hapo ya misukumo 10 ambayo hakuna namba mpya inayoweza kuiziba, iwe 2 iwe 4, idondokee popote inapotaka. Nifuate taratibu.

Kushoto: 4 2 2 inakuwa 4 4. Kushoto tena: inakuwa 8, na imekaa juu ya 8 yako ya mstari wa pili. Hapo katikati itakuwa imedondoka namba juu au pembeni ya hizo, achana nayo, haiwezi kuingia kati ya hizo 4 mbili.

Chini: 8 na 8 zinakuwa 16. Sasa mstari wa pili ni 16 16 32 64.

Kulia mara tatu. Ya kwanza inakuwa 32 32 64 na pengo kushoto, ya pili 64 64, ya tatu 128 imesimama kulia kabisa. Katikati ya hizo tatu namba mpya zinaweza kuingia kwenye pengo la kushoto, waache waingie, wako nyuma ya foleni hawawezi kumzuia aliye mbele. Mstari wa chini umejaa na hakuna wanaofanana, hautajongea. Usijaribiwe kusukuma chini hapo katikati, huna sababu.

Chini: 128 juu ya 128 inakuwa 256. Chini sasa una 1024 512 256 256.

Kushoto mara tatu. 512 512, alafu 1024 1024, alafu yenyewe. Pengo la kulia likipata mgeni hana madhara, anafuata nyuma.

Rudia kusoma mara mbili kabla hujagusa. Kushoto mbili, chini, kulia tatu, chini, kushoto tatu.

mchaga_wa_pwani

IMEKUBALI!!! Imekubali ndugu yangu 2048 imekaa pale kona! Ile ya tano iliniletea 4 kwenye pengo la kushoto moyo ukasimama ila nikaendelea kama ulivyosema na ikapita vile vile. Ahsante sana, ahsanteni nyote. Sasa imeandika nimeshinda na inaniuliza kama naendelea ama naanza upya.

binti_wa_kwetu

Hongera kaka!! Kesho zamu yangu.

KonaYaChini (mtoa mada)

Safi sana! Bonyeza endelea, usianze upya, ubao wako sasa hivi uko karibu mtupu na hiyo ndiyo hali bora ya kuanzia safari ya 4096. Mstari wa chini una mapengo sasa, kwahiyo kulia usiiguse kabisa, cheza kushoto na chini mpaka ujae tena. Ukifika 1024 ya pili rudi hapa na ubao wako tuutazame.